Tamale, mji uliopewa jina la kokwa: nani anaubeba uchumi wa kaskazini mwa Ghana?

Mleta mada:

Ndugu wana jukwaa, nimesoma humu mara nyingi habari za Ghana zikielezwa kana kwamba nchi ile ni Accra na Kumasi tu, pamoja na kakao, dhahabu na timu ya taifa. Nilipata bahati ya kukaa misimu miwili ya kilimo katika mji wa Tamale, makao makuu ya Mkoa wa Kaskazini, na kwa muda mrefu nimekuwa nikijiahidi kuandika niliyoyaona. Nitaandika kwa vipande, na mwenye swali asisubiri nimalize.

Tamale uko takriban kilomita 600 kaskazini mwa Accra. Basi linaloondoka pwani jioni hukufikisha asubuhi, na ukiwa macho alfajiri utaona nchi ikibadilika: msitu unaachia njia baada ya Kintampo, unavuka Volta Nyeusi pale Buipe, kisha Volta Nyeupe pale Yapei, na baada ya hapo ni nyasi, udongo mwekundu, mibuyu na miti iliyosimama mbalimbali mashambani kama watu wasiosalimiana. Mimi nimekulia Dodoma, kwa hiyo nilijiona nimefika nyumbani, isipokuwa kalenda ilikuwa imegeuzwa. Mvua yao ni ya msimu mmoja kama yetu, ila huanza mwezi Mei, sisi tunapovuna, na huisha Oktoba. Kuanzia Desemba hadi Februari huvuma harmatani, upepo mkavu unaoleta vumbi la Sahara, jua linafifia kama mwezi, na midomo hupasuka hata ukinywa maji kutwa nzima. Hapo ndipo utakapoelewa kwa nini kila nyumba ina kibakuli cha mafuta mazito ya rangi ya maziwa.

Mafuta hayo ni ya kokwa za mti uitwao shea, na jina la mji limetokana nazo. Wenyeji, ambao ni Wadagomba na lugha yao ni Kidagbani, wanaeleza kwamba Tamale ni *tama yili*, yaani nyumba ya kokwa za shea. Zamani hapa palikuwa kijiji. Mji wa mfalme ulikuwa, na bado ni, Yendi, ulioko mashariki. Lakini mwishoni mwa karne ya 19 ufalme wa Dagbon ulikatwa vipande viwili, na hapa Watanzania tutege sikio, kwa sababu aliyeshika kisu upande mmoja tunamfahamu. Desemba 1896, miaka ambayo majeshi ya Wajerumani yalikuwa yakimwinda Mkwawa huku kwetu, kikosi cha Wajerumani kilipambana na Wadagomba pale Adibo, kikawashinda kwa bunduki na kuichoma Yendi. Mkataba wa mwaka 1899 ukaiweka Yendi katika Togo ya Wajerumani na sehemu ya magharibi kwa Waingereza. Waingereza walipohamisha makao yao ya utawala wa kaskazini kutoka Gambaga mwaka 1907, waliyapeleka Tamale. Kijiji cha kokwa kikawa mji wa ofisi, na ofisi zikaleta barabara, kambi, soko na, hatimaye, mji mnaouona leo.

Naomba nianze na kokwa zenyewe, kwa sababu bila hizo mengine hayaeleweki.

Mti wa shea kwa kawaida haupandwi. Huota wenyewe, na mkulima anaposafisha shamba huuacha umesimama katikati ya mahindi au karanga. Huchukua miaka 15 hadi 20 kabla ya kuzaa vizuri. Ardhi ni ya wanaume na ya watemi, lakini kokwa ni za wanawake, na mwanamume anayeokota kokwa huchekwa. Matunda huanguka kati ya Mei na Agosti. Tazameni sasa hesabu ilivyokaa: huo ndio wakati ghala la mwaka jana limekwisha na mahindi mapya bado hayajakomaa. Mama huamka kabla ya alfajiri, huingia nyasini akiwahi wenzake na akihofia nyoka, watoto hula nyama tamu ya tunda, na kokwa hubaki kuwa fedha. Huzichemsha, huzianika, huzibangua. Kama ana chakula nyumbani, huziweka na kuuza miezi ya baadaye bei ikipanda. Kama hana, huziuza palepale kwa dalali aliyekuja na pikipiki na mizani yake. Kwa maoni yangu, tofauti ya utajiri kati ya wanawake wawili wa kijiji kimoja inaweza kuelezwa na jambo hilo moja tu, yaani nani aliweza kusubiri.

Kutengeneza mafuta yenyewe ni kazi ya mikono hasa. Kokwa hukaangwa, hutwangwa au hupelekwa mashineni, na uji wake mweusi hukandwa kwa maji katika beseni kubwa hadi mkono uishe nguvu, ndipo mafuta hujitenga na kuelea juu, meupe kama povu. Kisha huchemshwa na kuchujwa. Nilijaribu kukanda siku moja. Akina mama wale waliniacha dakika kumi, wakacheka, wakaninyang'anya beseni.

Mchangiaji kutoka Lira, Uganda:

Mleta mada, asante kwa uzi huu. Umenigusa kwa sababu sisi Walango na ndugu zetu Waacholi tunao mti huo huo, na mafuta yake tunayaita *moo yaa*. Wetu ni wa aina ya nilotika, na mafuta yake ni laini kuliko ya Afrika Magharibi. Kwenye joto la mchana huyeyuka karibu yote. Huku adui mkubwa ni mkaa. Baada ya watu kurudi kutoka kambi za wakimbizi, vita vya Kony vilipokwisha, miti ya umri wa babu zetu ilikatwa na kupakiwa kwenye malori kwenda Kampala, hadi mwaka 2023 Rais akatoa amri ya kupiga marufuku biashara ya mkaa katika eneo letu. Swali langu ni kuhusu mnunuzi: kokwa za Tamale zinakwenda wapi? Kwenye vipodozi?

Mleta mada:

Ndugu wa Lira, swali lako limefika mahali penyewe. Mimi pia nilidhani ni vipodozi, kwa kuwa ndivyo matangazo yanavyoonyesha. Kumbe sehemu kubwa ya shea inayouzwa nje huliwa. Mafuta yake yana tabia zinazokaribiana na zile za siagi ya kakao, hivyo viwanda huyatumia kwenye chokoleti na vyakula vya sukari. Agizo la Umoja wa Ulaya la mwaka 2000 linaruhusu chokoleti iwe na mafuta mengine ya mimea hadi asilimia 5, na shea ni mojawapo ya sita yaliyotajwa humo. Kwa hiyo Ghana inaingia kwenye chokoleti ileile kwa milango miwili: kakao kutoka msituni kusini na shea kutoka mbugani kaskazini. Mlango wa kwanza una bodi ya serikali inayotangaza bei kwa mkulima kila msimu. Mlango wa pili, kwa miaka mingi, haukuwa na mlinzi wa maana. Mwaka 2019 ilitungwa sheria ya kuunda mamlaka ya mazao ya miti, shea ikiwemo, na makao yake yakawekwa Kumasi, mji ambao hauna hata mshea mmoja wa kuringia.

Kokwa nyingi huondoka kaskazini zikiwa ghafi. Viwanda vikubwa vya kukamua viko Tema, bandarini, na vingine viko ng'ambo kabisa. Burkina Faso ilisimamisha kuuza kokwa ghafi nje mwaka 2024, na Nigeria ikafuata Agosti 2025 kwa miezi sita, kwa nia ya kulazimisha usindikaji ufanyike nyumbani. Mimi sina imani kubwa na marufuku ya namna hiyo, kwa sababu mpaka ukifungwa wa kwanza kuumia ni mama mwenye gunia moja ambaye bei imemshukia siku ileile, ilhali kiwanda kilichoahidiwa bado ni mchoro. Hata hivyo, ninaelewa hasira iliyozaa uamuzi huo.

Mchangiaji kutoka Tanga:

Habari zenu. Naomba kutofautiana kidogo na mleta mada. Nilipita Accra kwa mafunzo, na pale sokoni niliona wasichana wadogo sana wakibeba mizigo mizito kichwani kwenye makarai, wengine wana watoto mgongoni. Nikaambiwa ni wa kaskazini. Kama kaskazini kuna rasilimali hizo zote, kwa nini wazazi wanawaachia mabinti zao wakalale vibarazani? Mimi naona ni uzembe wa malezi zaidi kuliko uchumi.

Mleta mada:

Ndugu wa Tanga, ninaheshimu macho yako, kwa kuwa uliyoyaona ni kweli. Wanaitwa *kayayei*. Neno lenyewe lina safari yake: *kaya* ni mzigo kwa Kihausa, lugha ya wafanyabiashara wa kaskazini, na *yei* ni wanawake kwa Kiga, lugha ya wenyeji wa Accra. Jina limeunganishwa kaskazini na kusini kama maisha yao yalivyounganishwa. Hulipwa kwa safari, kwa kadiri ya mapatano na mwenye mzigo, na jioni wengi humpa mkusanyaji wa *susu* akiba ya siku, kitu kinachofanana na upatu wetu ila anayeweka ni mmoja mmoja. Vibarazani wanalala kweli, na hatari za usiku unazozifikiria zipo.

Lakini neno uzembe sikubaliani nalo, na naomba unipe nafasi nieleze kwa urefu kidogo.

Kwanza, msimu. Mvua ni moja, kwa hiyo kuanzia Novemba hadi Aprili shamba halina kazi kwa mtu asiye na maji ya kumwagilia. Miezi sita mikono imekaa. Kusini, soko halina likizo. Pili, msichana anayekaribia kuolewa anatarajiwa kwenda na vyombo vyake, masufuria, mabakuli na vitambaa, na wengi niliozungumza nao walisema wazi kwamba walikwenda Accra kutafuta vyombo hivyo ili wasiingie nyumba ya mume mikono mitupu. Tatu, kati ya Wadagomba ni desturi ya zamani binti kulelewa na shangazi yake, dada wa baba. Mara nyingi ni malezi mema. Mara nyingine shangazi hana uwezo wa kumsomesha, na binti anapofika umri fulani hujitafutia njia.

Sababu ya nne ndiyo iliyonikaa moyoni. Watawala wa kikoloni waliitazama kaskazini kama ghala la vibarua. Mbuga haikuota kakao, dhahabu ilikuwa kusini, kwa hiyo reli haikufika, na wanaume wakachukuliwa kwenda kuchimba migodini na kujenga barabara za wengine. Shule zilibanwa kwa makusudi. Cape Coast, mji wa pwani ya kusini, ilipata shule ya sekondari ya Mfantsipim mwaka 1876. Sekondari ya kwanza ya kaskazini, pale Tamale, ilifunguliwa mwaka 1951. Hiyo ni miaka 75. Mtoto aliyezaliwa Cape Coast siku ya ufunguzi angekuwa babu wa wajukuu kabla kijana wa Tamale hajapata dawati la sekondari mjini kwake. Serikali ya Nkrumah ilijaribu kuziba pengo kwa kuwasomesha watoto wa kaskazini bure, na Chuo Kikuu cha Mafunzo ya Maendeleo kilianzishwa mwaka 1992 makao yake yakiwa Tamale, lakini pengo la vizazi vitatu halizibwi kwa kizazi kimoja. Babu alikwenda kusini kubeba udongo wa mgodi. Mjukuu wa kike anakwenda kubeba vitunguu vya mteja. Njia ni ileile.

Wala wavulana hawakosi. Dampo la vyuma chakavu la Agbogbloshie, jijini Accra, ambalo picha zake za moshi zilizunguka duniani hadi lilipovunjwa Julai 2021, liliendeshwa kwa sehemu kubwa na vijana wa Dagbon.

Mchangiaji kutoka Tanga:

Nimekuelewa, na neno langu la uzembe nalirudisha. Lakini naomba usituachie picha ya huzuni peke yake. Watu hao wanaishije wakiwa kwao?

Mleta mada:

Ni haki kuuliza, na nakiri nilikuwa nimezama upande mmoja.

Kwao wanaishi kwa pikipiki, kwa salamu na kwa ngoma. Pikipiki ndicho kitu cha kwanza kinachomshangaza mgeni, kwa sababu waendeshaji wengi ni wanawake: mwalimu, nesi, mama muuza vitambaa, amevaa hijabu, mtoto amefungwa mgongoni, anapenya kwenye msongamano bila kupepesa macho. Nani alisema mji wenye Waislamu wengi hauwezi kuwa hivyo?

Salamu zao hazina haraka. Asubuhi ni *dasiba*, na anayesalimiwa hujibu *naa* kwa kila swali, la usingizi, la nyumba, la watoto, la kazi, mpaka hoja zote ziishe. Ukiulizwa hali utajibu *alaafee*. Sikilizeni neno hilo vizuri. Ni la Kiarabu, limefika kwao kwa kuvuka jangwa na kupitia Kihausa, na ndugu yake alifika kwetu kwa jahazi akaitwa afya. Hata siku za juma: Alhamisi yetu kwao ni *Alamisi*. Nilipoligundua hilo nilikaa sokoni nikihesabu maneno kama mtu aliyekutana na binamu asiowajua.

Chakula cha kila siku kinaitwa *tuo zaafi*, jina la Kihausa lenye maana ya ugali wa moto, na ni ugali kweli, laini kuliko wetu, wa mahindi au mtama, pamoja na mboga ya majani ya *ayoyo*, ambayo wenzetu wa Tanga na Dodoma wataitambua mara moja kwa utelezi wake kuwa mlenda. Kinachotofautisha ni *dawadawa*, mbegu za mti zilizochachushwa. Harufu yake ni ya kuzoea. Nilizoea. Kuna pia viazi vikuu, njugu mawe zilizosagwa na kupikwa kwa mvuke, na nyama ya kanga, ndege mwenye heshima kubwa kuliko kuku.

Mchangiaji kutoka Lamu:

Assalaam aleikum. Umetaja ngoma ukaziacha mlangoni. Nimesikia kwamba wana sikukuu kubwa iitwayo Damba ambayo inahusiana na Maulidi. Sisi huku Lamu Maulidi ndiyo sikukuu ya mji, na ningependa kujua wao wanaiadhimishaje.

Mleta mada:

Wa aleikum salaam. Umesikia sawasawa. Damba huadhimishwa katika mwezi wao wenye jina hilohilo, nao ndio mwezi ambao watu wa pwani yetu wanauita Mfunguo Sita. Asili yake ni kuzaliwa kwa Mtume, lakini ufalme umeivalisha vazi lake. Siku ya kumi na moja ni Damba ya kwanza, siku ya kumi na saba ni Damba ya mfalme, na siku inayofuata ni ya kuagana. Wazee huchambua mchele punje kwa punje mbele ya mtemi, kisha ng'ombe huzungukwa kabla ya kuchinjwa. Usiku ni ngoma. Watemi hucheza wamevaa mavazi mapana ya vitambaa vilivyofumwa kwa mkono na kushonwa ukanda kwa ukanda, na wanapozunguka nguo hufunguka kama mwavuli. Vazi hilo, ambalo nchini kote huitwa *fugu*, ndilo alilovaa Nkrumah na wenzake usiku wa uhuru wa tarehe 6 Machi 1957, ingawa yeye mwenyewe alikuwa mtu wa kusini.

Wapiga ngoma, *lunsi*, hawachaguliwi, huzaliwa. Wanahesabu ukoo wao hadi kwa Bizung, mwana wa mfalme Nyagsi. Chombo chao ni *lunga*, ngoma yenye kiuno chembamba inayobanwa kwapani, na kamba zikikazwa sauti hupanda na kushuka kama maneno ya Kidagbani yanavyopanda na kushuka. Kwa hiyo ngoma inasema. Inaweza kumtaja babu yako wa saba mbele ya hadhara, na ukishatajwa hukosi kutoa fedha mfukoni. Katika usiku maalumu mpiga ngoma mkuu husimulia historia ya wafalme mpaka kukaribia asubuhi, na anapima kipi cha kusema na kipi cha kunyamazia, maana wajukuu wa waliouana wamekaa mkeka mmoja wakimsikiliza.

Hilo la mwisho si tamathali. Mfalme wa Dagbon, Ya Naa, hakai juu ya kiti bali juu ya ngozi za wanyama, na ngozi hizo zimegombaniwa kwa miaka mingi na matawi mawili ya ukoo, Abudu na Andani. Machi 2002 Ya Naa Yakubu Andani II aliuawa Yendi pamoja na watu wake. Kwa takriban miaka 17 Dagbon ilikaa bila mfalme aliyekubaliwa na pande zote, amri za kutotembea usiku ziliwekwa na kuondolewa, na Tamale penyewe kulikuwa na baadhi ya sikukuu zisizofanyika ipasavyo. Kamati ya wafalme watatu, ikiongozwa na Otumfuo Osei Tutu II, mfalme wa Waasante, ndiyo iliyofikisha suluhu mwaka 2018, mazishi yakakamilishwa, na Januari 2019 Abukari II akakalishwa juu ya ngozi. Kwa mwenye duka la vitambaa Tamale, maana ya suluhu hiyo ilikuwa ya kawaida kabisa: Damba ikarudi, na watu wakashona nguo.

Mchangiaji kutoka Lira, Uganda:

Umesema mambo ya mizigo tangu mwanzo: kokwa, makarai, vyuma. Je, wenyeji wenyewe wanalizungumzia hilo, au ni jicho la mgeni?

Mleta mada:

Wanalizungumzia, na aliyelisema kwa sauti kubwa kuliko wote ni msanii Ibrahim Mahama, aliyezaliwa Tamale mwaka 1987. Yeye hukusanya magunia ya juti yaliyochakaa. Magunia hayo hufumwa Asia, huletwa Ghana kubeba kakao, kisha hubeba mahindi, kisha mkaa, mpaka yanatoboka. Huwapa wafanyabiashara magunia mapya na kuchukua yale makuukuu, huyashona pamoja, na kuyafunika majengo makubwa ya Ulaya na kwingineko. Ukisogea karibu unaona majina ya wenye mali yaliyoandikwa kwa rangi na madoa ya kila kilichowahi kubebwa.

Fedha alizozipata amezirudisha mjini. Mwaka 2019 alifungua kituo cha sanaa Tamale, na baadaye kingine cha matofali mekundu nje kidogo ya mji, ambako amepeleka ndege kuukuu ziwe madarasa. Vilevile amenunua ghala la nafaka la zege lililoanza kujengwa wakati wa Nkrumah, likaachwa kabla ya kuwekewa hata gunia moja, likabaki makazi ya popo. Nilipolitembelea, popo walikuwa bado wamo, wameachiwa sehemu yao, na darasa zima la watoto wa shule lilikuwa limekaa sakafuni likichora.